Kope za Kifuani

Minza mwanangu,

Uko nje hapo, chini ya dirisha, umekaa kwenye mkeka na rafiki yako Zuhura anakusuka. Mnacheka kwa sauti. Mnadhani niko ndani nasikiliza mpira, na redio nimeiwasha makusudi ili mdhani hivyo. Kesho asubuhi mnapanda basi la Geita, wewe na yeye, na mimi leo sijui nikae wapi. Bajaji nimeiosha, nikaiosha tena. Nimeingia jikoni mama yako akanitoa, akasema mwanaume mzima unazunguka kama kuku anayetafuta pa kutagia, hebu nipishe. Kisha akachukua kikapu akaenda sokoni. Nimebaki na kalamu.

Habari za shuka, sufuria, dawa na kufunga mlango vizuri sizigusi. Mama yako ameshazisema na atazisema tena mpaka basi liondoke. Mimi nina jambo moja, na nitalizunguka kwanza kabla ya kulifikia. Unanijua.

Nakusikia unavyomeza vikohozi. Zuhura hasikii kwa sababu hajui cha kusikiliza. Mimi najua. Pumzi inakatika katikati ya maneno, unanyamaza kidogo, unasafisha koo kama mtu aliyekunywa chai ya moto, halafu unaendelea na hadithi. Kila ukifanya hivyo, mimi huku ndani nainuka. Huyu binti mtalala naye chumba kimoja, mtauza pamoja mabuti na helmeti za wachimbaji kwenye duka la mjomba wake, na hajui lolote. Juzi nilipokuambia tumweleze, ulinikazia macho: "Baba, ukimwambia Zuhura, mimi na wewe basi." Ukaingia chumbani ukafunga mlango.

Sawa. Sijamwambia. Lakini niambie wewe, keshokutwa ukiamka, nani atakupiga mgongo?

Miaka yote hii, kila asubuhi kabla sijawasha bajaji na kila jioni nikirudi, umelala kifudifudi, mto chini ya nyonga, kichwa kimeshuka, nami nakupiga mgongo na ubavu kwa kiganja kilichokunjwa mpaka ule ute ulegee uteme. Hata siku tulizogombana. Hata siku niliyofiwa na mama yangu. Mikono hii imefanya kazi ambayo kifua chako kilipaswa kuifanya chenyewe, na kesho inabaki Shinyanga. Ndiyo maana siwezi kukaa.

Nimechungulia. Zuhura amefika nusu ya kichwa. Narudi.

Unajua mengi ya hadithi hii, lakini umeyapata vipande vipande, tena vingine kwa mama yako ambaye ananipendelea. Acha niyaseme yote kwa mdomo wangu.

Ulianza kukohoa kabla hujaanza kutambaa. Pua haikukauka, masikio yalitoa usaha. Wakati huo mimi nilikuwa Geita, kwenye karasha, ile mashine ya kusagia mawe ya dhahabu, nikirudi huku mara moja moja na vumbi mpaka kwenye nyusi. Mama yangu akaja kutoka Mhunze kukuona. Akakufumbua mdomo, akauelekeza kwenye jua, akasema, "Kimeo hicho. Kirefu, kinamkuna koo. Mtoto akatwe."

Hakuna aliyebisha. Kwetu mtoto akikohoa muda mrefu ni kimeo, basi, kama vile akiharisha ni meno. Akaletwa mzee mmoja na chuma chake chenye ndoano, kimefungwa kwenye kitambaa. Mama yako alikimbilia nyuma ya nyumba. Mimi ndiye niliyekushika kichwa. Damu ilikutoka, Minza, damu nyingi, na yule mzee akasema itakata yenyewe, nami nikampa mkono nikamshukuru. Mpaka leo nikipita pale alipokuwa akiishi, natazama upande mwingine.

Kikohozi kikarudi kabla kidonda hakijapona vizuri. Wewe ulipokua ukaligeuza utani. Simu yangu ilipokuwa ikijizima yenyewe nikasema hii simu ni kimeo, ukasema, "Ikate, Baba, labda itaacha." Mama yako alicheka mpaka akakaa chini. Mimi nilicheka pia, lakini nilitoka nje.

Baada ya kimeo ikaja TB. Makohozi yalipimwa hayakuonyesha kitu, ukapewa dozi hivyo hivyo, kwa sababu mtoto wa mchimbaji akikohoa watu wameshajua jibu. Ukaimaliza yote. Kikohozi kipo. Ndipo nikajiambia, ni mimi. Ni vumbi langu. Mtoto anavuta mawe kutoka kwenye shati langu. Nikaacha karasha, nikaachia na nafasi yangu kwenye duara, lile shimo tuliloanza kulichimba na wenzangu, nikarudi Shinyanga kuendesha bajaji. Lile duara likaja kutema dhahabu baadaye. Mungu anajua nilivyolala usiku nilipopata habari hizo. Yaani sikulala.

Na siku moja, ukiwa darasa la nne, abiria amenidhulumu, jua kali, nakuja nyumbani nakukuta unakohoa juu ya sahani ya chakula, nikakuambia, "Hicho kikohozi chako ndicho kilichonitoa Geita." Hukulia. Uliinuka ukaenda kukohoa kwenye mto. Tangu siku ile ukajua kukohoa bila sauti. Sasa nakushangaa nini unapomficha Zuhura, wakati kuficha nilikufundisha mimi? Kwenye basi nilikuwa nakupa leso, nakuambia kibane, watu wanatutazama. Kanisani nilikukalisha karibu na mlango. Nilidhani nakustahi. Nilikuwa najistahi mimi.

Picha ya kifua ndiyo iliyotufungua macho. Yule kijana wa eksirei aliitazama akasema ameigeuza, akaipiga upya. Akaitazama, akasema ameigeuza tena. Akajilaumu, masikini, akaita mwenzake. Mpaka yule daktari mama wa Mwanza alipokuja akaweka kipimo chake upande wa kushoto wa kifua chako, akasikiliza, akakunja uso, akahamia kulia. Akatabasamu. "Picha haijageuzwa," akasema. "Moyo wake uko kulia." Nikashika kiti. Nikamuuliza kama utakufa. Akasema moyo wenyewe mzima kabisa, umekaa upande mwingine tu, na kwamba huo moyo ndio unaomwambia kikohozi kimetoka wapi.

Alichukua karatasi akachora. Akasema njia yote ya hewa, kuanzia puani mpaka chini ndani ya kifua, imeota vinywele vidogo mno, havionekani kwa macho, vinaitwa silia. Nikasema daktari, mimi shule sikufika mbali. Akasema basi ziite kope, hata hilo jina la kitaalamu maana yake ya zamani ni kope. Tunavuta vumbi, moshi, wadudu. Ute unavinasa. Kope zinausukuma ule ute juu, juu, mpaka kooni, nasi tunaumeza wala hatuna habari. Nikamuuliza vinywele vinasukumaje. Akanitazama, akasikia Kisukuma changu kwenye Kiswahili, akauliza, "Umeshaona bugobogobo?" Nikacheka, mimi niulizwe ngoma ya majembe! Akasema ndivyo zinavyocheza. Jembe linashuka limenyooka, kwa nguvu, linavuta udongo. Likirudi linarudi limejikunja, taratibu, lisirudishe ulichovuta. Na wachezaji hawapigi wote kwa pamoja. Huyu anamfuata huyu, huyu anamfuata huyu, mpaka ukiitazama safu unaona kama upepo unapita juu ya mtama.

Halafu akachora kope moja imekatwa kati. Nguzo pacha tisa kwenye mduara, na nguzo mbili zimesimama katikati. Nikasema huo ni msonge wa babu yangu. Akasema ndiyo, ila nguzo za msonge huu zinavutana. Kila pacha ina vikono vidogo vinavyomshika jirani na kumvuta, na wakivutana hivyo, kope nzima inapinda. "Minza," akasema, "nadhani amezaliwa bila hivyo vikono. Hapa hatuna darubini ya kuvionyesha, lakini moyo, pua, masikio na kifua vyote vinasema jambo moja." Nguzo zipo, zimesimama. Hazivutani. Ute unakaa palepale ulipo, na ukikaa unaoza, ndipo akanifundisha kukupiga mgongo.

Na moyo? Akasema mtoto akiwa tumboni, bado kipande tu, kuna kope chache zinazozunguka na kuyasukuma maji kuelekea kushoto. Hapo ndipo mwili unapojua kushoto ni wapi. Zako hazikuzunguka, mwili ukabahatisha, moyo ukaenda kulia. Nusu ya watoto wa namna yako huwa hivyo, nusu nyingine moyo unakaa kama wetu.

Nilitoka pale sina shukrani, mwanangu, nina hasira. Si kimeo. Si TB. Si vumbi langu. Ulizaliwa hivyo, na mimi niliacha dhahabu bure! Nilikaa na hilo neno, bure, muda mrefu kuliko ninavyotaka kukumbuka. Mpaka tulipomzika Masanja, niliyekuwa nikishika naye karasha. Masanja alizaliwa na kope nzima, zinacheza vizuri sana, naye akazilisha vumbi la mawe kila siku mpaka zikazidiwa na mapafu yakawa magumu. Mwisho alikuwa hawezi kufunga kamba za viatu bila kupumzika. Nilishika koleo pale makaburini nikaona aibu. Mtoto asiye na kope ndiye aliyenitoa kwenye vumbi, na mimi nilimsimanga kwa hilo juu ya sahani ya chakula.

Zuhura ameimba kitu, wewe umejaribu kuitikia ukakwama. Nimeinuka nikafika mlangoni. Nimerudi. Tulia, mzee.

Wewe ndiye uliyenisomesha yaliyobaki, ulipofika sekondari. Ulirudi na daftari la bailojia ukanikalisha kwenye stuli kama mwanafunzi. Ukaniambia mkia wa mbegu ya mwanaume nao ni kope hiyo hiyo, ila ndefu, mmoja tu, unaitwa flajela, na ndani ni nguzo zile zile, tisa kuzunguka na mbili kati. Nikajifanya natafuta funguo. Hukujali. Ukaendelea kwamba hata bakteria wana mkia, lakini huo ni wa ukoo mwingine kabisa, unazunguka kama feni, "usije ukachanganya, Baba, utanitia aibu." Nimchanganyie nani? Abiria?

Basi kwa kuwa tumefika huko, nimalize, maana mama yako amekataa kulisema hili, kasema mimi ndiye niliyemsikiliza daktari. Kope hizo hizo zimo kwenye mirija ya uzazi ya mwanamke, zinasaidia kulisukuma yai. Daktari alisema huenda ukachelewa kupata mtoto, huenda usichelewe, wako waliozaa bila shida. Siku ukipata mtu, mwambie kabla ya posa kuletwa na mahari kuzungumzwa, na usikubali mtu yeyote, awe wifi, awe mama mkwe, akuite tasa kwa mdomo wake bila kipimo. Akikuita, nipigie. Nakuja na bajaji mpaka Geita. Nimeshalisema, masikio yangu yanawaka moto, tuendelee.

Nakuja kwenye ile shule ya bweni. Kidato cha tano. Ulinikataza nisizungumze na matroni, nikakubali kwa sababu nilikuwa naona fahari, binti yangu kachaguliwa. Ulikohoa kwenye mto muhula mzima. Hukupigwa mgongo hata siku moja. Nilipoitwa nilikukuta umelazwa, midomo ya buluu, daktari akanionyesha kwenye picha kipande cha chini cha pafu kilichoharibika, akasema hiki hakirudi. Hakirudi, Minza! Kile kipande ndicho bei ya kuwafanya wenzako waamini una mafua.

Huko Geita unakokwenda kuna vumbi, unajua, magari ya mawe yanapita mbele ya maduka. Lakini siogopi vumbi kama ninavyoogopa adabu yako. Unavyotabasamu umebana pumzi. Unavyosema "niko poa." Nilitaka kukukataza usiende. Nilikuwa na maneno yote tayari, mama yako akaniangalia tu nikayameza. Mtu hazaliwi akae miguuni pa baba yake apigwe mgongo mpaka azeeke. Hilo nalijua. Ila kulijua hakunipi usingizi.

Sasa nalifikia lile jambo moja. Nilikuwa nimepanga kulisema hivi: Minza, ng'wanone, mwanangu, tafuta mtu mmoja. Si mtaa mzima, si duka zima. Mtu mmoja tu huko uendako akusikie ukikohoa kweli, kwa sauti yake yote, na ajue wapi pa

Ngoja.

Nimezima redio. Zuhura ameacha kusuka. Nimemsikia akisema, "Wewe Minza, hicho kikohozi unakimeza cha nini? Tangu tumeanza unakimeza tu. Kitoe."

Ukakimeza kingine.

"Una TB? Niambie tu, wallahi sikukimbii, nitafungua dirisha."

Nimefika mlangoni, nimeshika pazia. Miguu yangu inataka kutoka na mdomo wangu umeshafunguka. Kilichonizuia ni neno lako moja tu, lile la "mimi na wewe basi." Nimerudi nikakaa, Minza. Nimekalia mikono yangu. Naandika hapa ninapozikumbuka sauti zenu, neno kwa neno, ili siku moja uamini kwamba nilibaki ndani.

Halafu ukasema, "Sina TB. Nina kope ambazo hazifanyi kazi."

"Kope?" Zuhura akapaza sauti. "Hizo ndefu hivyo? Mimi ninayebandika za dukani nisemeje?"

Ulicheka, na kicheko kikageuka kikohozi, na safari hii hukukimeza. Kilitoka chote. Kilikuwa kibaya, kirefu, cha chini kabisa. Kuku walikimbia. Zuhura akaita, "Mama yangu wee!" na mimi nikauma kidole.

Ukamweleza. Si kama nilivyokueleza mimi, wala si kama daktari. Ulimweleza kwa maneno machache, unatweta. Ukamwambia, "Lete mkono. Hapo. Hapana, kulia."

Kisha Zuhura, taratibu kabisa, sijawahi kumsikia akiongea taratibu, akasema, "Moyo wako huu?"

"Ndiyo huo."

"Na ulikuwa unanificha mimi? Shoga yako?"

Hapo nilisikia unalia. Sitasema zaidi, ni yenu.

Sasa hivi umelala kifudifudi kwenye mkeka. Naona miguu yako kwa chini ya pazia. Nywele ni nusu, upande mmoja umesimama hivyo hivyo. Unamfundisha: "Usinipige kwa kiganja wazi, utanichubua. Kikunje, kama unakinga maji bombani." Anakupiga. Anakosea. Yuko juu mno, na mkono wake ni mwepesi, anaogopa. Kiganja changu kimejikunja chenyewe juu ya meza hii. Ningetoka ningemwonyesha mara moja tu, angejua.

Sitoki.

Zuhura anauliza, "Nakuumiza?"

Nawe umekohoa, umetema, umevuta pumzi ambayo nimeisikia mpaka huku, halafu umemwambia:

"Hapana. Shuka chini kidogo. Piga tena."

Ni mimi, baba yako.